Mas'ala ya Ua Baina ya Majirani

Jua ya kuwa mtu ana ruhusa kutia ua katika milki yake, kwa sharti asiingie ardhi ya jirani wala asizibe njia yake. Shirimatunda iko Moshi, na katika vihamba vya Kilimanjaro mpaka aghlabu huwa ni masale. Nayo ni miti, hukua na kutandaa. Basi apandaye na apande ndani ya mpaka wake. Tawi likiingia kwa jirani, naye akataka liondolewe, mwenyewe akakataa, katika madhehebu ya Shafi yuna haki kulipinda, lisipopindika, kulikata.

Ama kuusogeza mpaka ni dhuluma. Mtume (S.A.W.) ameonya: adhulumuye shibiri ya ardhi atavikwa shingoni ardhi saba Siku ya Kiyama. Basi kabla ya kupanda, muite jirani na mashahidi wawili. Wallahu aalam.