Mwenye Ploti Ameshindwa Kesi. Na Wewe Mpangaji?

Mpangaji wa chumba huko Kitengela huwa wa mwisho kujua kwamba ploti ina kesi. Kodi analipa kila mwezi na mwenye nyumba hasemi neno, hadi asubuhi moja dalali anapofika na karatasi yenye mhuri wa mahakama, nyuma yake vijana wa kutoa vitu nje. Wengi hutazama mhuri tu wakaanza kufunga virago. Kwanza ulizia: amri hii inamfunga nani?

Agizo la 22 la Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010 linaruhusu kumwondoa mtu anayefungwa na hukumu akikataa kutoka. Kwa mpangaji mwenye haki ya kukaa, ambaye hukumu haimfungi, utaratibu ni mwingine: nakala ya hati hubandikwa mahali pa wazi na mpangaji hutangaziwa uamuzi wa mahakama, bila kutolewa nje. Ndiyo maana mkataba, risiti na ujumbe wa M-Pesa wa kodi ni vitu vya kutunza. Lakini usijidanganye: ikiwa haki yako yote inatoka kwa yule aliyeshindwa, au uliingia kesi ikiendelea, hakimu anaweza kuona kwamba hukumu inakugusa pia.

Soma karatasi yenyewe: namba ya kesi, jina la mahakama, majina ya wahusika na namba ya ardhi. Namba ya ardhi isipolingana na ploti unayokaa, hiyo ni hoja ya kupeleka mahakamani leo, si kesho. Faili ikiwa Kajiado, nenda masijala ukahakikishe amri ipo na haijasitishwa. Mwombe dalali akuonyeshe leseni. Akitarajia upinzani au kuvunja mlango, Kanuni za Madalali za 1997 zinamtaka aiombe mahakama amri ya kusaidiwa na polisi. Naye mwenye nyumba anayeng'oa mabati au kupiga kufuli mlango wako bila amri yoyote hana hata karatasi ya kubishania.

Waliojenga kwenye ardhi isiyo yao wana ulinzi wa aina nyingine, na majirani wa Mavoko wanaujua uchungu wa kubomolewa. Oktoba 2023, baada ya mahakama ya Machakos kuamua kwamba ardhi ni ya kampuni ya saruji ya East African Portland, tingatinga ziliangusha nyumba za watu walioamini wamenunua kihalali. Marekebisho ya sheria za ardhi ya 2016 yanamtaka mwenye ardhi binafsi atoe notisi ya maandishi ya miezi mitatu au zaidi. Wakaaji wakiwa wengi, notisi itangazwe katika magazeti mawili ya kitaifa na kubandikwa sehemu tano au zaidi kwenye ardhi hiyo, na naibu kamishna wa kaunti na mkuu wa polisi wa eneo wapewe nakala. Aliyepewa notisi anaweza kwenda mahakamani, nayo ina uwezo wa kuifuta, kuibadilisha au kuisimamisha.

Hata siku ya kuondolewa ikifika, kifungu cha 152G cha Sheria ya Ardhi kinawabana wanaoondoa: wajitambulishe, waonyeshe idhini, walinde watoto, wazee na wenye ulemavu, na wakupe wewe nafasi ya kwanza ya kubomoa mwenyewe na kuokoa mabati na mbao zako. Haki hizi hazikupi ardhi. Zinakupa muda na heshima, na kwa familia yenye watoto shuleni muda huo si kitu kidogo.

Kosa ninaloliona zaidi ni kukimbilia kwa chifu au mwanasiasa. Hakuna kati yao anayeweza kusitisha amri ya mahakama. Piga picha, andika majina, kisha tafuta wakili, Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria au Kituo cha Sheria. Kukata rufaa dhidi ya uamuzi wa hakimu kuna siku 30, lakini rufaa peke yake haizuii kuondolewa. Omba sitisho pamoja nayo, tena bila kuchelewa.