Akiziba Masikio, Akikataa Soksi
Kijitabu cha familia kuhusu milango ya fahamu ya watoto na watu wazima

Wapo watoto ambao siku ya kusukwa nywele mtaa mzima unajua. Wapo wanaogoma kwenda shule kwa sababu mshono wa soksi umekaa vibaya, wanaotapika mlenda ukigusa ulimi tu, wanaoziba masikio mashine ya kusaga ikiwashwa. Wengine ni kinyume chake: goti limechubuka na damu inatoka, mwenyewe hana habari. Kutwa anaruka kutoka kwenye kochi, akimkumbatia mwenzake mpaka mwenzake alie.

Nyumbani huitwa mtundu, ana deko, mkaidi. Kabla jina hilo halijamganda, chunguza mwili wake unapokeaje sauti, mguso, mwanga, harufu na ladha. Pia kuna milango tusiyoifikiria sana: unaotupa usawa wa mwili, unaotujulisha viungo viko wapi na vitumie nguvu kiasi gani, na unaotuambia tuna njaa au haja. Mtoto anayevunja ncha ya penseli kila mara huenda hapimi vizuri nguvu ya mkono wake.

Anzia zahanati

Mtoto asiyeitika anapoitwa apimwe masikio kwanza. Nta iliyoziba au usaha wa muda mrefu humfanya aonekane mkaidi. Anayekwepa mwanga au kusogeza daftari puani apimwe macho. Anayejikuna na kukataa nguo akaguliwe upele na fangasi. Anayekula udongo au chaki apimwe wingi wa damu, kwani tabia hiyo huambatana mara nyingi na upungufu wa madini ya chuma. Na asiyesikia maumivu kabisa aonwe na daktari bila kungoja hatua nyingine yoyote.

Haya yakikaa sawa, fungua daftari. Kwa wiki mbili hivi andika kilichotokea, si hukumu yako. "Amekuwa msumbufu" haimsaidii mtaalamu. "Saa kumi jioni, harusi ya jirani, spika zimewashwa, amejificha chini ya meza, ametulia alipopelekwa chumba cha nyuma" inamsaidia sana. Muulize na mwalimu, maana yanayotokea nyumbani tu, au shuleni tu, yaweza kuwa na chanzo kingine: kuonewa na wenzake, njaa, usingizi mchache.

Kwa mtaalamu

Mwenye kazi hii hasa ni mtaalamu wa tiba kwa vitendo. Ulizia hospitali ya mkoa au ya rufaa. Kenya kuna pia vituo vya tathmini vya EARC, vilivyoanza 1984. Mtaalamu huyu hapigi picha wala hachukui damu. Atakuuliza historia tangu ujauzito, atamtazama mtoto akibembea, akitia mikono kwenye mchele, akivaa viatu, kisha huenda akakupa dodoso.

Dodoso linalojulikana sana ni la Winnie Dunn wa Marekani, lililotolewa 1999. Linatazama mambo mawili: mwili unahitaji kichocheo kikubwa au kidogo ndipo ushtuke, na mtu hufanya nini baada ya hapo, anakaa kimya au anachukua hatua. Ndiyo maana mtoto mmoja hukimbia kelele na mwingine hulia palepale alipo, ingawa zinawaumiza sawasawa. Viwango vyake vilipimwa kwa watoto wa Marekani, na utakuta swali linataja mashine ya kufyonza vumbi. Kama huna, usijibu "hapana" kwa haraka. Mwambie mtaalamu, mzungumze kuhusu blenda au honi za bodaboda.

Alama za dodoso peke yake si ugonjwa. Mwaka 2012 chama cha madaktari wa watoto cha Marekani kiliwashauri madaktari wasiishie kuandika "tatizo la milango ya fahamu" bali watafute kilicho nyuma yake: usonji, shida ya kutulia na kuzingatia, wasiwasi, kuchelewa kukua. Kwa hiyo ukipewa matokeo, uliza: "Nini kingine kinaweza kusababisha hali hii?" Mtoto ambaye mwaka umetimia na haitiki jina lake, au aliyekuwa anasema maneno kisha yakapotea, apelekwe sasa. Tafadhali msingoje "atakuja kuongea, hata baba yake alichelewa".

Wakati mnasubiri miadi, kata lebo ya shati, geuza soksi nje ndani, mwambie kabla hujamgusa kichwa. Kumshikilia kwa nguvu mbele ya spika ili azoee humwongezea hofu.

Watu wazima nao

Dodoso la Dunn la vijana na watu wazima lina kauli 60, na unalijaza mwenyewe kuanzia miaka 11. Wengi hufika kliniki kwa ajili ya mtoto wao, wakisoma maswali wakajiona: shangazi aliyesemwa ana maringo kwa kukwepa sherehe, fundi anayefanya kazi usiku redio za jirani zikizimwa. Kwa mtu mzima swali la kwanza ni hali hiyo ilianza lini. Iliyokuwepo tangu utotoni haina haraka. Iliyoanza baada ya kuumia kichwa, ajali au tukio la kutisha inahitaji daktari. Ganzi ya ghafla upande mmoja, mdomo kupinda au maneno kukwama ni dalili za kiharusi: hospitali muda huohuo, dodoso liache mezani.