Wanaotuleta Kanisani na Kubaki Nje

Andiko la somo: Yakobo 2:1–9. Soma pia 1 Samweli 22:1–2 na Yeremia 9:23–24.

Mliokuwepo Jumapili mtakumbuka nilianza na swali: ni nani amekuleta kanisani leo? Zaidi ya nusu yenu mliinua mkono kwamba mmekuja na pikipiki. Nikauliza tena, huyo aliyekuleta yuko wapi sasa? Kimya. Na spika yake tulikuwa tunaisikia pale nje ya geti. Muda ulituishia, kwa hivyo hapa naandika na yale sikufika kuyasema.

Wacha nianze na kosa langu. Mwanzoni mwa mwaka kijana mmoja wa boda aliingia ibada ya pili. Alikuwa na reflekta, marvin kichwani, rasta zimetokea chini yake, na jinzi iliyopasuka magotini. Akaketi safu ya tatu. Mimi nilikuwa karibu na mlango, na siku hiyo tulitarajia wageni kutoka Kisumu. Nikampa ishara mhudumu, kijana akasogezwa hadi viti vya plastiki kule kwa hema. Aliondoka kabla ya sadaka. Nilijiambia ni mpangilio tu wa viti. Sasa soma Yakobo 2, mstari wa 2 hadi wa 4, uone kama mtume hakuwa amesimama pale mlangoni na mimi. Mwenye pete ya dhahabu anaonyeshwa kiti kizuri, mwenye nguo mbovu anaambiwa asimame kule. Yakobo haiti hiyo mpangilio. Anaiita kuhukumu kwa mawazo mabaya.

Mavazi yenyewe tuyaangalie vizuri, maana wengi tunayaita uhuni bila kuuliza. Ile jaketi nzito inayovaliwa mbele nyuma ni ya kuzuia upepo kifuani, ukitoka Usenge alfajiri utajua. Marvin huingia chini ya helmeti. Gambuti ni ya matope. Reflekta ni sheria. Hiyo ni sare ya kazi, kama koti jeupe la daktari. Kisha kuna zile nguo za jioni: jinzi ya kubana, raba nyeupe, jezi ya Gor Mahia au Arsenal, nyingi zikiwa mitumba ya Kibuye iliyochaguliwa kwa makini kuliko ninavyochagua tai zangu. Kijana ameshinda kwa vumbi, akioga anataka kuonekana. Sioni dhambi hapo.

Kazi hii ilizaliwa hukuhuku magharibi. Jina boda boda linatoka mpakani Busia, miaka ya 1960, watu wa baiskeli wakivusha abiria kutoka upande mmoja wa mpaka hadi mwingine. Pikipiki zilijaa hasa baada ya mwaka 2008, serikali ilipoondoa ushuru wa VAT kwa zile ndogo zisizozidi cc 250. Kijana aliyekosa karo ya chuo akapata kazi, na akapata deni pia. Nilisomea biashara, kwa hivyo siku moja niliketi na mmoja pale steji tukaandika hesabu yake. Siku nzuri anapata 1,000. Mafuta 350. Mkopo wa pikipiki 400, kila siku, hata Jumapili, hata akiugua. Zinabaki 250 za chakula, nyumba na mtoto. Akikosa kulipa siku chache, pikipiki inachukuliwa, na yote aliyolipa yamekwenda.

Sasa kuna jambo la muziki, na hapa wazee wangu mnivumilie. Kwa walimu na wanafunzi wa chuo waliotoka mbali, ohangla ni ngoma ya Waluo, ya matanga na ya sherehe za pombe. Zamani ilipigwa kwa ngoma zilizowambwa ngozi ya kenge, na watoto hawakuruhusiwa karibu kwa sababu ya maneno yake. Kinanda kiliingia, na akina Tony Nyadundo wakaifikisha hadi klabu za Nairobi. Ndani yake, kama ilivyo kwa benga, kuna kitu kinaitwa pakruok. Mtu anasimamisha wimbo katikati, anamtunza mwimbaji pesa, halafu anajisifu. Anataja jina lake la sifa, kwao, marafiki zake, na nyumbani kwa mama yake. Kijana ambaye kutwa nzima ameitwa "wewe boda, kuja!" anasimama mbele ya watu na kuitwa wuod nyar Yimbo, mwana wa binti ya Yimbo.

Nikarudi kwa ile hesabu yetu. Mtu aliyebaki na 250 anatoaje 100 ili atajwe? Nilidhani ni ujinga wa pesa. Siku hizi naona ananunua kitu ambacho hajakipata kwingine, na kwingine huko ni pamoja na hapa kwetu. Yeremia 9 inakataza mtu kujisifia hekima, nguvu au mali, lakini mstari wa 24 unampa mtu la kujisifia: kwamba anamjua Bwana. Hamu ya kutajwa haijakatazwa, imeonyeshwa pa kwenda. Na ukiangalia vizuri, ushuhuda wetu wa Jumapili, mtu anasimama, anataja jina, alikotoka, na Mungu aliyemtoa huko. Hiyo ni nini kama si pakruok iliyookoka? (Mpiga kinanda wetu hataki niseme mdundo wa sifa za wiki jana aliutoa wapi. Mlicheza wote.)

Lakini sitaki mtu aende akisema Pasta amebariki kila kitu. Zile nyimbo za gengetone zinazolia kwa spika, za tangu kundi la Ethic litoe "Lamba Lolo" mwaka 2018, nyingine zinamfanya msichana kuwa bidhaa. Mwaka 2019 kundi hilohilo lilitoa "Tarimbo", na watu walilalamika sana kwamba imefanya ubakaji kuwa mzaha. Waliomba msamaha na kuuondoa wimbo. Kumbe vijana wakiambiwa ukweli wanasikia. Na hapa Siaya wasichana wetu wa shule hubebwa na pikipiki hizo, na tunajua yanayotokea kwenye disko matanga usiku. Hayo nimewaambia vijana uso kwa uso pale steji, na nitarudia. Tofauti ni kwamba safari hii niliyasema nikiwa nimeketi kwa benchi yao.

Yule kijana wa safu ya tatu nilimwona tena. Aligongwa na lori barabara ya Usenge, mguu ukavunjika mara mbili. Usiku huohuo wenzake wa steji walitoa akiba ya chama chao, waliopungukiwa wakatuma kwa M-Pesa, na kufikia asubuhi pesa za hospitali zilikuwa zimepatikana. Sisi habari ilitufikia siku ya tatu. Tukaunda kamati. Kamati ikakutana baada ya wiki. Nilipofika wodini nilikuta vijana wanne wenye reflekta wamemzunguka. Alinitambua. Akamwambia mmoja wao anipishe kiti.

Ndiyo maana naomba msome 1 Samweli 22 kwa ushirika wa nyumbani wiki hii. Daudi yuko pangoni Adulamu, na wanaomjia ni wenye dhiki, wenye madeni na wenye uchungu moyoni, watu kama 400. Akawa mkubwa wao. Hatusomi kwamba aliwapanga kwa nguo.

Wahudumu wa mlangoni tumekaa nao Jumatano, tumekubaliana hakuna atakayesogezwa tena. Reflekta ikaribishwe, helmeti iwekwe chini ya benchi. Halafu kuna suala la saa. Kuanzia saa mbili hadi saa nne asubuhi ndiyo mavuno yao ya Jumapili, kwa sababu wanatubeba sisi. Kwa hivyo wazee wamekubali tujaribu ibada fupi ya saa moja, dakika 45, kwa miezi mitatu.

Kazi ya kila mshirika wiki hii ni kumuuliza anayekubeba jina lake na mama yake ametoka wapi. Wangu nimeshamuuliza. Ni wuod nyar Uyoma, na anasema saa moja ni mapema mno.