Somo: Kosa la Mume Si Kosa la Ndugu Zake

Huku Kasongo na Kabambare, waliokimbia vita mara nyingi hupokelewa na jamaa zao, na nyumba moja hulala watu wengi. Mume akimpiga mkewe na kutoroka, wakwe hutaka baba au mdogo wake akamatwe badala yake.

Sheria inakataza. Kifungu cha 17 cha Katiba ya 2006 kinasema kila mtu anajibu kosa lake mwenyewe. Asikamatwe wala kuhukumiwa kwa tendo la mwingine. Kifungu cha 18 kinasema anayeshikwa aelezwe sababu kwa lugha anayoielewa, na baada ya saa 48 aachiliwe au afikishwe kwa wakuu wa sheria.

Lakini haki ya mke haifutiki. Anayeshitaki aseme wazi: nani, alifanya nini, lini, wapi. Shemeji aliyempiga atajibu kipigo chake. Mwaka 2022, Mahakama Kuu ya India ilifuta mashitaka ya ndugu wa mume kwa sababu walitajwa kwa jumla tu.

Ugomvi wa mahari upelekwe kwa wazee au tribinali ya amani.

Tujadili: kijijini kwetu, nani hufungwa kwa kosa la mwingine? Viongozi wafanye nini?