Somo la Vijana: Mjukuu wa Jaji Mkuu



Siku ya mnada hapa Kintinku kijana mmoja wa kwaya alitujia akiwa amevaa fulana ya mtumba ya rangi ya buluu, kubwa kiasi cha kuwatosha vijana wawili. Alipokwisha kutuamkia aligeuka akatuonyesha mgongo. Juu ya namba palikuwa na jina: KIWANUKA. Akauliza, "Mwalimu, hili si jina la Kiganda? Limefikaje kwenye fulana ya Marekani?" Swali lilikuwa zuri, nasi hatukuwa na jibu lake papo hapo. Tulikwenda nalo nyumbani tukalifanyia kazi, na leo tunalileta kwenu kama somo.

Mwenye jina ni Mathias Kiwanuka, aliyecheza mpira wa Kimarekani kwa malipo katika timu ya New York Giants kuanzia mwaka 2006 hadi 2014. Lakini tuanze na babu yake, maana wazee wa parokia hii watamfahamu babu kabla ya mjukuu.

Benedicto Kiwanuka alikuwa mwanasheria, Mkatoliki, na kiongozi wa chama cha Democratic Party. Mwanzoni mwa 1962, Uganda ilipopewa madaraka ya ndani, yeye alikuwa Waziri Mkuu wake wa kwanza. Hakukaa. Uchaguzi wa Aprili mwaka huohuo ulimleta Milton Obote, na uhuru wa Oktoba ukapokelewa na Obote. Mwaka 1969 Kiwanuka alitiwa kizuizini. Idi Amin alipotwaa nchi Januari 1971 alimfungulia, na baadaye mwaka huo akamfanya Jaji Mkuu, mwana wa Uganda wa kwanza kushika kazi hiyo. Mtu angedhani sasa mambo yamemnyokea. Septemba 1972 mahakama yake iliamuru aachiliwe Mwingereza mmoja ambaye askari walimshika bila mamlaka ya kisheria. Tarehe 21 ya mwezi huo watu wa Amin walimchukua Kiwanuka mwenyewe kutoka Mahakama Kuu ya Kampala, mchana kweupe. Hakuonekana tena, wala mwili wake haukupatikana. Sisi Waanglikana tunamkumbuka zaidi Askofu Mkuu Janani Luwum, aliyeuawa Februari 1977. Basi tujue kwamba jaji huyu alimtangulia katika njia hiyohiyo kwa miaka mitano kasoro.

(Aprili 1979 tulikuwa chuoni tukisomea ualimu. Redio ilipotangaza kwamba majeshi yetu yameingia Kampala, bweni zima lilipiga sufuria hadi mlezi wetu akaja na tochi. Jina la Kiwanuka hatukulitaja usiku ule. Tulikuwa hatulijui.)

Mathias alizaliwa Indianapolis, Marekani, tarehe 8 Machi 1983, zaidi ya miaka 10 baada ya babu yake kuchukuliwa. Alisoma hukohuko, kisha akaingia Boston College, akaichezea timu ya chuo. Hapa vijana wetu wasikilize vizuri. Kwa Wamarekani njia ya kwenda kwenye mpira wa malipo inapita darasani. Kanuni inataka mtu awe amekwisha kumaliza sekondari miaka mitatu nyuma kabla ya kuchaguliwa na timu, na wengi huitumia miaka hiyo chuoni. Halafu timu zote 32 huchagua wachezaji kwa zamu. Mwaka 2006 Mathias aliitwa wa 32, yaani wa mwisho katika mzunguko wa kwanza.

Wapo wanaopita njia nyingine, ila ni wa kuhesabika. Jirani yetu Daniel Adongo wa Kenya alikuwa mchezaji wa raga. Julai 2013 alisajiliwa na Colts, timu ya mji uleule wa Indianapolis, wakati hajawahi kucheza mchezo huu hata mara moja. Desemba mwaka huo akaingia uwanjani, Mkenya wa kwanza kufika hapo. Mwaka 2015 safari yake ilikuwa imekwisha.

Mchezo wenyewe ukoje? Tuuchore mchangani. Kila upande una watu 11. Mpira umechongoka kama yai pande zote mbili, na hushikwa kwa mikono. Timu yenye mpira hupewa majaribio manne ya kusogea yadi 10. Ikifaulu hupewa manne mengine; ikishindwa, mpira unakwenda kwa wapinzani. Anayeongoza mashambulizi ni mrushaji. Kazi ya Mathias, mlinzi wa pembeni, ilikuwa kuupasua ukuta wa watu wazito na kumwangusha mrushaji kabla hajaurusha mpira. Ila akimwangusha baada ya mpira kumtoka mkononi, ni kosa: timu ya mrushaji inapewa yadi 15 na majaribio manne mapya. Kanuni hiyo msomaji aiweke akilini.

Tarehe 26 Novemba 2006 Giants walicheza na Titans mjini Nashville. Mathias alikuwa katika mwaka wake wa kwanza. Hadi robo ya mwisho inaanza Giants walikuwa na pointi 21, Titans hawana kitu. Titans wakaamka, ikawa 21 kwa 14. Muda umebaki kidogo, Titans wako kwenye jaribio la nne, na wanahitaji yadi 10. Mrushaji wao, Vince Young, akishikwa hapo mpira ni wa Giants, na mechi ndiyo imekwisha hivyo.

Mathias akamshika. Alimkumbatia kwa mikono miwili, imara kabisa. Kisha akamwachia.

Alieleza mwenyewe baadaye kwamba alidhani mpira umekwisha kurushwa, naye akaogopa adhabu. Mpira haukuwa umerushwa. Young alijikuta huru, akakimbia yadi 19. Titans wakasawazisha, na zikiwa zimebaki sekunde chache wakapiga mpira katikati ya nguzo, ikawa 24 kwa 21. Watazamaji wote wa televisheni waliiona mikono ile ikifunguka, na mechi iliporudiwa kuonyeshwa waliiona tena na tena. Siku hiyo Mathias hakujificha wala hakumsingizia mwenzake. Alikaa mbele ya waandishi wa habari akajibu.

Tumelitafakari tendo hili kuliko mambo mengine yote ya maisha yake. Kosa la uvivu halikuwa hilo, wala la ulegevu. Alikuwa ameifika kazi yake, akaiacha kwa kuihofia kanuni ambayo hakuwa ameivunja. Katika kusahihisha madaftari tumekutana na mtoto wa namna hiyo mara nyingi: ameandika jibu sahihi, kisha amelifuta kwa kidole chenye mate mpaka karatasi ikatoboka, akaandika lisilo sahihi. Mtoto huyo alituuma moyo kuliko yule ambaye hakuandika kitu.

Yaliyofuata tutayapitia kwa haraka. Mwaka 2007 walimhamisha nafasi, akawa mlinzi wa nyuma ya mstari; Novemba akavunjika mguu. Timu yake ikaendelea bila yeye, na Februari 2008 ikatwaa Super Bowl, fainali kuu ya nchi, kwa pointi 17 kwa 14 dhidi ya Patriots ambao hawakuwa wamefungwa msimu mzima. Yeye alikuwa mgonjwa. Mwaka 2010 alianza vizuri, na baada ya mechi tatu shingo ikamtoa: pingili za uti wa mgongo. Shingo si kifundo cha mguu, jamani.

Alirudi. Tarehe 5 Februari 2012 Giants waliwakuta Patriots tena katika Super Bowl, na mara hii mechi ilichezwa Indianapolis, mji aliozaliwa. Alicheza, na wakashinda 21 kwa 17. Machi 2015 timu ikamwachia, hajatimiza miaka 33. Kwa umri huo mwalimu wa huku kwetu ndiyo kwanza amekomaa kazini.

Haya yote tulimsimulia yule kijana chini ya mwarobaini, fulana ikiwa mwilini mwake. Alisikiliza ya jaji kimya. Tulipofika Nashville akasimama. "Mimi, Mwalimu, ningemwangusha tu."

"Na kama mpira ungekuwa umekwisha kurushwa?"

Akakaa. Alisema atatujibu Jumapili kwenye kipindi cha vijana, na wenzake wakaribie na majibu yao.