Mgogoro wa shamba: tupeleke kesi kwenye mlango gani?

Mulongo iko katika teritwari ya Malemba-Nkulu, kando ya mto Lualaba. Wakati wa vita vya 1998 hadi 2003, na wakati wa mapigano ya Mai-Mai, watu wengi wa sehemu hizi walikimbia. Waliporudi, wengine walikuta mashamba yao yanalimwa na watu wengine. Hata leo migogoro ya mipaka na ya urithi inatenganisha majirani na ndugu.

Mtu aliyenyang'anywa shamba hukimbilia mlango ulio karibu: kwa chifu, kwa polisi, au kwa mtu anayemjua mjini Kamina. Lakini kila mlango una kazi yake. Kesi ikipelekwa kwenye tribinali isiyo na mamlaka, hakimu ataiondoa bila kuamua shamba ni la nani. Pesa imekwisha, msimu wa kulima umepita, na hasira imeongezeka.

Uliza kwanza: haki hii inasimama juu ya nini?

Katiba ya 18 Februari 2006, kifungu cha 34, inalinda mali iliyopatikana kwa sheria au kwa mila. Kwa hiyo kuna hali mbili.

• Ardhi yenye hati. Sheria ya ardhi ya 20 Julai 1973 inasema udongo ni mali ya Serikali. Mtu hupewa haki ya kuutumia, na haki hiyo inathibitishwa na hati ya kuandikishwa, ile tunayoita sertifika.
• Ardhi ya mila. Hii ni ardhi ambayo wanakijiji wanaikaa na kuilima kufuatana na desturi. Mashamba mengi ya vijijini ni ya namna hii.

Karatasi ya mauzo iliyoandikwa mbele ya mashahidi, au barua ya chifu, inasaidia kama ushahidi. Lakini si sertifika.

Milango minne na kazi zake

1. Chifu na wazee. Wanajua historia ya mipaka na wanaweza kupatanisha. Wakipatanisha, mapatano yaandikwe, yataje alama za mpaka (mti, kijito, njia), na pande zote mbili zitie sahihi au kidole.

2. Tribinali ya Amani (Tripe). Sheria ya 11 Aprili 2013 inaipa kesi za ardhi zinazoongozwa na mila, ziwe za mtu mmoja au za jamii nzima, na pia kesi za urithi. Inapotumia mila, hakimu huketi pamoja na wazee wawili wanaoijua.

3. Tribinali Kubwa (TGI). Inasikiliza kesi zisizo za Tribinali ya Amani. Ukitaka kupinga sertifika, nenda huko. Pia inapokea rufaa dhidi ya hukumu za Tribinali ya Amani.

4. Polisi na parke. Kazi yao ni makosa ya jinai: kupiga, kuharibu mazao, kung'oa mawe ya mpaka, kuuza shamba la mwingine kama lako. Polisi hana mamlaka ya kuamua shamba ni la nani. Kumfunga jirani hakukupi haki juu ya ardhi.

Mfano

Mama mjane anarudi kijijini na kukuta jirani amemega sehemu ya shamba la marehemu mume wake. Hakuna mwenye hati. Aanze kwa wazee. Wakishindwa, aende Tribinali ya Amani.

Sasa tuseme mfanyabiashara anatokea na sertifika ya shamba lile lile. Kesi imebadilika, na mlango ni TGI. Mama asichelewe: kwa sheria ya 1973, sertifika iliyopita miaka miwili ni ngumu sana kuipinga. Aulize pia kama uchunguzi ulifanyika. Sheria hiyo inadai kwamba kabla ya kutoa ardhi ya vijijini, ofisi ifanye uchunguzi papo hapo na isikilize wenye madai. Kama hakuna aliyesikilizwa kijijini, hiyo ni hoja kubwa mbele ya hakimu.

Kabla ya kufungua kesi

• Uliza kwa konservateri wa hati za ardhi kama kiwanja kina sertifika, na imetolewa tarehe gani.
• Andika majina ya mashahidi wanaojua mpaka, wakiwemo wazee wasio wa ukoo wako.
• Uliza gharama zote mapema, na dai risiti kwa kila malipo.
• Tafuta mtetezi wa haki au mwanasheria akuhakikishie tribinali na sheria inayotumika, maana sheria hurekebishwa.
• Ukishindwa, usikae. Rufaa katika kesi ya madai ina muda wa siku 30 tangu kuletewa hukumu rasmi.

Hukumu nzuri inaonyesha mpaka, lakini majirani ndio wataishi nao. Hata kesi ikiwa mbele ya hakimu, mnaweza bado kupatana. Mkipatana, mpelekeeni hakimu mapatano hayo ili kesi ifungwe.

Maswali ya kujadili katika kikundi

• Katika kijiji chetu, ni mashamba gani yenye sertifika, na ni yapi ya mila?
• Wajane na waliorudi kutoka ukimbizini wanasikilizwa na wazee wetu?
• Ni mipaka gani tunayoweza kuiwekea alama pamoja sasa, kabla ya mgogoro?