Skala, Vekta, Matrisi na Tensa: Niliyojifunza Darasani na Kazini

Nilifundisha fizikia sekondari kabla sijahamia kwenye uandishi wa programu za kuchakata picha. Kote kuwili nimewakuta watu wakiyapanga maneno haya kama ngazi: namba moja ni skala, orodha ni vekta, jedwali ni matrisi, jedwali lenye kina ni tensa. Mpangilio huo si uongo, ila kiini cha jambo kinabaki nje.

1. Uliza kwanza: mihimili ikigeuzwa, kinabaki nini?

Tuseme kusi inavuma Dar es Salaam kutoka kusini-mashariki kwa kilomita 20 kwa saa. Mhimili mmoja ukielekea magharibi na mwingine kaskazini, upepo huo una sehemu mbili, kila moja takriban 14.1. Zungusha mihimili nyuzi 45 ili mmoja uufuate upepo, sehemu zinakuwa 20 na 0. Nikifanya hivyo ubaoni hakosekani mtu wa kuuliza, "Mwalimu, mbona namba zimebadilika na upepo ni uleule?" Hapo ndipo nilipotaka tufike. Joto la nyuzi 27 halijali umechoraje mihimili yako. Hiyo ni skala. Sehemu za upepo zinabadilika, lakini kwa kanuni maalumu, na kasi inabaki 20. Hiyo ni vekta.

2. Si kila orodha ni vekta, inategemea unamuuliza nani

Bei za mchele, sukari na mafuta ya kula ni namba tatu. Mwanahisabati ataziita vekta bila kusita, maana orodha mbili kama hizo zinajumlishika. Mwanafizikia atagoma: hakuna mihimili ya kuzungusha itakayochanganya bei ya sukari na ya mafuta. Sioni haja ya kuwapatanisha.

3. Matrisi itazame kama kitendo

Kuna matrisi ya mbili kwa mbili inayozungusha vekta nyuzi 90: (3, 1) inakuwa (-1, 3). Nyingine inaipindua juu chini, kama kivuli kwenye maji. Zungusha kwanza kisha pindua, unapata (-1, -3). Pindua kwanza kisha zungusha, unapata (1, 3). Arthur Cayley alipoiandikia matrisi aljebra yake mwaka 1858 alilitaja hilo: mpangilio wa kuzidisha una maana. Mwanafunzi aliyekaririshwa "safu mlalo mara safu wima" tu hukubali kanuni hiyo shingo upande. Aliyezungusha kwa mkono wake haulizi tena.

4. Tensa ni kitu, jedwali ni maandishi yake

Chukua nukta moja ndani ya nguzo ya zege. Muulize mhandisi mkazo hapo ni kiasi gani, naye atakuuliza: kwenye uso upi? Uso ulalao na uso ulioinama, papo hapo, hubeba kani tofauti. Augustin-Louis Cauchy alilitatua hili miaka ya 1820: mkazo una namba tisa, na kwa kawaida sita tu kati yake hujitegemea. Upe mkazo huo vekta ya mwelekeo wa uso, utakurudishia vekta ya kani kwa kila kipimo cha eneo. Namba tisa unaziandika kama matrisi. Geuza mihimili, zote zaweza kubadilika, lakini zege halijui kuwa umegeuza chochote. Kwa mtazamo huo skala ni tensa ya daraja 0, vekta ya daraja 1, mkazo wa daraja 2. Jedwali la alama za mtihani, lenye safu za wanafunzi na masomo, ni matrisi halali, lakini si tensa ya mwanafizikia.

5. Kwenye kompyuta, uliza umbo

Waandishi wa programu wamelichukua neno tensa na kuliita hivyo furushi lolote la namba lililopangwa kwa mihimili. Sina ugomvi nao, ila neno "dimensheni" linaponza wengi. Picha ya 28 kwa 28 ukiinyoosha inakuwa vekta ya namba 784: mwanahisabati anasema ina dimensheni 784, programu inasema ina moja. Picha ya rangi ya 1080 kwa 1920 ina namba 6,220,800, na PyTorch, maktaba ya kujenga modeli za kujifunza kwa mashine, huitarajia rangi zikitangulia, (3, 1080, 1920), wakati TensorFlow, maktaba nyingine ya aina hiyo, kwa kawaida huziweka mwisho. Namba ni zilezile. Ukikosea mpangilio, modeli inasoma takataka, na mara nyingine bila kukuonyesha kosa lolote. Ndiyo maana mstari wangu wa kwanza, kabla ya hesabu yoyote, huchapisha umbo, yaani urefu wa kila mhimili.